Lupita wa Shuga

Msimu wa kwanza wa Shuga, tamthilia ya televisheni kuhusu vijana na UKIMWI, una vipindi 3 tu. Ukiviunganisha vyote havifiki saa mbili. Ukianza baada ya isha utamaliza na usingizi bado haujakugusa. Ulirekodiwa Nairobi, ukatoka Novemba 2009, na Ayira, msichana ambaye macho yanamfuata kila anapoingia, aliigizwa na binti ambaye nje ya kile kiduara cha watu wa maigizo wa jijini karibu hakuna aliyemjua. Tarehe 2 Machi 2014 binti huyo alisimama Hollywood na sanamu ya Oscar mkononi, na kwetu tayari ilikuwa Jumatatu asubuhi, watu wakipigiana simu ndani ya matatu.

Habari za Lupita Nyong'o tunapenda kuzianzia hapo kwenye sanamu. Yaliyotangulia tunayapita haraka: alizaliwa Mexico, babake ni profesa, akasoma Marekani, akashinda, basi. Mtoto wa kaka yangu, ambaye yuko kidato cha nne Mombasa na ameshaamua kwamba atakuwa mwigizaji (babake bado hajaarifiwa rasmi), ndiye aliyenirudisha nyuma. Aliniandikia: "Shikamoo shangazi. Huyu Lupita alikuwa ashatoka kwenye TV, tena MTV. Sasa alirudi shule kutafuta nini?"

Nilitaka kumjibu kwa sentensi moja nikashindwa. Ndiyo haya sasa.

Kwanza niseme nilikokuwa. Miaka hiyo nilikuwa Nairobi, katika kikundi kimojawapo cha kuigiza vitabu vya kutahiniwa. Anayejua Kenya anajua kazi hiyo: mnapakia nguo za mchezo kwenye magunia, mnapanda matatu alfajiri, mnaingia shule ya bweni huko Nyeri au Machakos, na mnaigiza tamthilia nzima katika ukumbi wa kulia chakula mbele ya mamia ya wanafunzi, bila kipaza sauti, huku jikoni sufuria zinagongana. Unajifunza kupaza. Unajifunza kunyoosha mkono mpaka aliye nyuma kabisa aone kwamba umekasirika. Baada ya mwaka mmoja wa kazi hiyo sauti yangu ilikuwa ya kuuzia samaki ng'ambo ya pili ya Kilindini.

Na pesa zikikatika, tulikuwa tunakwenda kuwa ekstra, yaani wale wa kujaza picha kwa nyuma bila kusema neno. Kuna siku tuliitwa kwenye tangazo lililokuwa na sehemu ya klabu. Tukapewa glasi za chai ya rangi iliyopoa, ndiyo wiski yetu, tukaambiwa tucheze. Muziki haukuwapo. Wenye kuzungumza walikuwa wawili mbele ya kamera, sauti zao ndizo zilizokuwa zinarekodiwa, kwa hiyo sisi watu ishirini na kitu tulicheza dansi kimya kimya, viatu tumevua ili sakafu isilie, kila mmoja na mdundo wake kichwani. Yule msichana aliyekuwa mbele ya kamera alikuwa anazungumza kwa sauti ya chini hivi kwamba sikumsikia, na nilikuwa hatua tatu kutoka kwake. Nilidhani hajui kazi. Jioni mwendesha kamera alituonyesha kidogo kwenye kioo chake, nikaona kumbe mimi ndiye niliyekuwa kama mtu anayeita teksi, na yeye uso wake umejaa kila kitu.

Nayataja haya kwa sababu ukimtazama Lupita katika Shuga, jambo la kwanza unaloliona, kama umewahi kutoka jukwaani ukapelekwa mbele ya kamera, ni kwamba hapazi. Waigizaji wengi wa Nairobi wa wakati ule, wazuri kabisa, walikuwa bado wanamwigizia mtu wa kiti cha mwisho. Yeye anasikiliza. Mwenzake akizungumza, mtazame yeye, si anayezungumza. Hilo halitokei lenyewe.

Televisheni ya Kenya mwaka 2009 ilikuwa na kazi za aina mbili kwa kijana anayetaka kuigiza. Ya kwanza ni vichekesho na drama za jioni. Stesheni ya taifa, KBC, ilikuwa na Vitimbi na Vioja Mahakamani, vipindi ambavyo wazazi wetu walivikuta na sisi tukavikuta. Citizen ilikuwa imeshika kasi na Papa Shirandula, Mother-in-Law, Inspekta Mwala na Tahidi High. Hapo ukibahatika unapata uhusika mmoja, unakaa nao miaka, watu wanakusahau jina lako la kuzaliwa, na sokoni wanakuita kwa la kipindi. Muda uliobaki ulikuwa wa telenovela kutoka Mexico na kwingineko, zilizotiwa sauti za Kiingereza, na mama zetu walizijua kuliko habari za saa tatu.

Ya pili ndiyo tuliyokuwa tukiiita kazi za mashirika. Mchezo wa kuhamasisha watu wakapimwe. Mchezo wa maji safi. Mchezo wa amani baada ya yale ya uchaguzi wa 2007. Ufadhili unatoka nje, skripti inapitiwa na watu wa afya kabla ya mwongozaji, na kila baada ya dakika kumi mhusika mmoja lazima aseme jambo ambalo hakuna binadamu aliyewahi kulisema mezani kwake: "Lakini je, unajua kwamba..."

Tusizidharau sana lakini. Tamthilia ya kwanza ya mfululizo ya televisheni ya Kenya, Tushauriane, ya mwaka 1987, ilikuwa ya uzazi wa mpango, na redioni ikaenda na ndugu yake Ushikwapo Shikamana. Wenzetu wa Tanzania walikuja na Twende na Wakati kwenye redio mwaka 1993, na hadi leo mtu mzima wa Tanga akisikia jina Mkwaju anamkumbuka yule dereva wa lori aliyekuwa na mwanamke kila kituo mpaka UKIMWI ukampata. Mbinu yenyewe ilitoka Mexico, kwa mtayarishaji Miguel Sabido, ambaye miaka ya 1970 alitengeneza telenovela zenye mhusika mwema, mhusika mbaya, na mmoja wa katikati anayeyumba, kwa sababu huyo anayeyumba ndiye mtazamaji. Lupita alizaliwa Mexico City mwaka 1983, babake, Profesa Peter Anyang' Nyong'o, akifundisha chuo kikuu huko. Sisemi kuna uhusiano wowote. Nafurahishwa tu na jinsi vitu viwili kutoka Mexico vilivyokuja kukutania Nairobi.

Shuga ilikuwa kazi ya shirika, lakini iliyovaa vizuri. MTV ndiyo iliyoitengeneza, kupitia taasisi yake ya kupambana na UKIMWI, Staying Alive, na nyuma yake kulikuwa na PEPFAR, mpango wa UKIMWI wa Serikali ya Marekani ulioanzishwa mwaka 2003, na UNICEF, na Serikali ya Kenya. Ilifungamana na kampeni ya vijana iliyokuwa na jina la G-Pange, ambalo lilibandikwa kila ukuta wa Nairobi miaka ile. Kenya ilikuwa na maambukizi ya takriban asilimia 7 kwa watu wazima, na tatizo la wakubwa wa afya halikuwa tena kwamba vijana hawajui. Walijua kila kitu. Kondomu walishaonyeshwa kwenye ndizi tangu shule ya msingi. Kujua na kufanya ndivyo vilivyokuwa havipatani.

Kwa hiyo Shuga ikaacha kufundisha, au tuseme ikapunguza. Ikawaweka vijana wa chuo wenye nguo nzuri, simu nzuri, muziki wa klabu, magari. Mji uliokuwa ukionekana pale ni Nairobi ya usiku, ya watu wanaopenda maisha. Ikawachukua watu waliokuwa tayari na majina, kama Valerie Kimani, aliyekuwa ameshinda Tusker Project Fame ya kwanza mwaka 2006. Na ikampa Lupita huyu Ayira.

Ayira ana mpenzi wa rika lake, Ty, kijana mzuri, na pembeni ana mwanamume mtu mzima, mwenye pesa na nafasi, anayeweza kumsukuma mbele kikazi. Katika michezo tuliyokuwa tukiipeleka mashuleni, msichana wa namna hiyo huwa na njia mbili tu: ama ni mhanga, analia kuanzia mwanzo, ama ni malaya, anaadhibiwa kufikia mwisho. Lupita hakumcheza hivyo wala vile. Ayira wake anajua anachokifanya, ana hesabu zake, na anajipenda. Hamuombi mtazamaji radhi. Ndiyo maana ilikera watu, na ndiyo maana ilifanya kazi: wasichana niliokuwa nikikaa nao Ngara, waliokuwa na "mjomba" wa kuwalipia kodi, walinyamaza kipindi kikiendelea. Mmoja aliinuka akaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa visafi.

Tulikitazama kwenye kompyuta ya mwenzetu mmoja, kwenye diski ambayo sikuuliza ilikotoka. Nyaya za intaneti za chini ya bahari zilikuwa zimetua kwetu Mombasa katikati ya mwaka huo huo, lakini kasi yenyewe haikuwa imefika vyumba vya Ngara. Kutazama kitu YouTube ilikuwa ni kungoja kwingi na kuona kidogo. Hata hivyo Shuga ilisambaa, kwa sababu MTV iliitoa bure kwa stesheni yoyote iliyotaka kuionyesha. Uamuzi wa busara kwa afya ya umma. Kwa mwigizaji una upande wake wa pili, nitaufikia.

Sasa, jinsi alivyofika pale. Akiwa na umri wa miaka 14 aliigiza Juliet wa Shakespeare na Phoenix Players, kampuni ya James Falkland iliyokuwa na ukumbi mdogo pale Professional Centre, Parliament Road. Aliyewahi kuingia mle anakumbuka jinsi waigizaji walivyokuwa karibu, unaona jasho. Ukumbi mdogo haukudai sauti ya kuuzia samaki, na naamini hapo alianza kujifunza kutopaza, ingawa hilo ni langu. Phoenix ilikuwa ya watu wa aina fulani, tusidanganyane. Michezo yake mingi ilikuwa ya Kiingereza, tiketi haikuwa ya mtu wa Dandora, na binti wa kulelewa Kayole hakuwa na jirani wa kumwambia kwamba wiki hii kuna majaribio.

Hapa ndipo mijadala yetu kumhusu huwaka. Kwamba alibebwa. Babake alikuwa mwanasiasa wa upinzani kwa miaka mingi, na kuanzia 2008 hadi 2013 alikuwa Waziri wa Huduma za Matibabu, yaani Shuga ilipotoka, baba alikuwa serikalini katika afya na binti alikuwa kwenye runinga katika kipindi cha UKIMWI. Watu wakiiona hiyo wanatabasamu. Mimi ninavyoona, jina la baba halikumpa uso ule wala masikio yale. Lilimpa kitu kingine ambacho waigizaji wengi wa Nairobi hawakuwa nacho, nacho ni muda. Alisoma St. Mary's. Akiwa na miaka 16 alipelekwa Taxco, Mexico, kujifunza Kihispania kwa miezi 7. Akaenda Hampshire College huko Massachusetts, chuo kisichotoa alama za A na B, ambako mwanafunzi hujipangia mwenyewe anachotaka kusoma na walimu humwandikia maelezo. Mtoto wa mtu anayehangaikia karo hapelekwi chuo kisicho na alama. Angejibu nini kijijini?

Lakini muda ule aliutumiaje? Hapo ndipo penye jambo. Mwaka 2004 The Constant Gardener ilikuja kurekodiwa Kenya, Kibera na huko juu Loiyangalani, kando ya Ziwa Turkana. Lupita akaomba kazi, akapata ile ya chini kabisa, ya kutumwatumwa: lete hiki, mwite yule, hakikisha mwigizaji yuko mahali pake kwa saa yake. Ilikuwa kazi ya upande wa nyuma ya kamera. Rachel Weisz aliyekuwa mbele ya kamera alipata kwa filamu hiyo Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike, tuzo ile ile aliyokuja kuipata huyu mtumwa-tumwa miaka 8 baadaye. Mwigizaji mkuu alikuwa Ralph Fiennes, na Lupita amesimulia mara nyingi kwamba alipomnong'oneza kuwa angependa kuigiza, Fiennes hakumpa moyo hata kidogo. Alimwambia afanye hivyo ikiwa tu anahisi hawezi kuishi bila kuigiza.

Kijana mwingine angeondoka hapo amekasirika au amejaa moto. Yeye, kwa maneno yake mwenyewe ya miaka ya baadaye, alikuwa bado anaogopa kukiri hadharani kwamba anataka kuigiza. Namwelewa. Katika nyumba zetu, hata nyumba ya profesa, kusema "mimi nataka kuwa mwigizaji" ni sawa na kusema hutaki kazi. Kusema unasomea filamu kuna heshima zaidi, kuna vifaa, kuna cheti. Basi akaendelea kuzunguka nyuma ya kamera. Akafanya kazi katika filamu nyingine mbili huko Marekani upande wa utayarishaji. Mwaka 2008 akaigiza katika filamu fupi iliyorekodiwa Brooklyn. Kisha akarudi nyumbani.

Ukitazama mwaka wake wa 2009 utadhani ni watu watatu. Wa kwanza ni mwongozaji wa filamu ya hali halisi, In My Genes, iliyoanza kama kazi yake ya chuo, inayofuata maisha ya watu wenye ualbino Kenya. Kumbuka ilikuwa wakati gani: ng'ambo ya mpaka, Kanda ya Ziwa upande wa Tanzania, watu wenye ualbino walikuwa wakiuawa na kukatwa viungo kwa imani za kishirikina, na mazungumzo yote ya Afrika Mashariki kuhusu ualbino yalikuwa ya damu. Yeye akaamua kuwaacha wenyewe wazungumze kuhusu kuishi. Wa pili ni mwongozaji wa video ya muziki: The Little Things You Do, ya Wahu akimshirikisha Bobi Wine, huyu huyu Bobi Wine ambaye leo tunamjua kwa siasa za Uganda. Video hiyo iliteuliwa kuwania tuzo za muziki za MTV Afrika, na tuzo za mwaka huo zilifanyika hapa hapa Nairobi, Kasarani, mwezi wa Oktoba. Wa tatu ni Ayira.

Mtu aliyekata mwenyewe picha za filamu yake, akakaa usiku mzima akichagua kati ya uso huu na uso ule, hujifunza jambo moja ambalo hakuna mwalimu wa jukwaani angemfundisha: anajua mhariri anatafuta nini. Anatafuta sekunde mbili baada ya neno, pale mtu anapokuwa amemaliza kusema na bado hajapanga uso. Waigizaji wachanga wakimaliza sentensi yao huzima. Lupita katika Shuga hazimi. Nikiirudia sasa, naona mwigizaji ambaye anamwachia mhariri vya kuchagua. Mapungufu yapo pia. Kuna mahali sentensi zinamtoka zikiwa zimepigwa pasi, unasikia karatasi. Kuna hasira moja au mbili zinazoanzia mabegani badala ya kuanzia tumboni. Binti ana macho na masikio ya mwigizaji wa kamera, lakini mwili bado unamwomba ruhusa.

Na yeye alilijua hilo kabla yangu, na kabla ya mtazamaji yeyote. Hapa ndipo swali la mtoto wa kaka yangu linapogeuka. Shule yenyewe ni Chuo Kikuu cha Yale, Marekani; kozi yake ya uigizaji ya shahada ya uzamili ni ya miaka 3, na Lupita alihitimu mwaka 2012. Piga hesabu mwenyewe. Novemba 2009, sisi tulipokuwa tumejikusanya Ngara kumtazama Ayira, yeye alikuwa ameshaanza mwaka wa kwanza huko New Haven, mji wa chuo hicho. Hakuliacha jina ili arudi shule, maana jina lenyewe lilikuwa bado halijatoka. Alipokuwa akifanya usaili wa Yale hakuna aliyekuwa anajua kama kipindi hicho kitatazamwa au kitafia kwenye kabati la stesheni kama kazi nyingi za mashirika zilivyofia. Alifunga mizigo kabla ya makofi.

Huwa nafikiri juu ya hilo, nani angeweza. Ukishakuwa kwenye mabango, ukishaitwa kwenye redio, ukishapigiwa simu na kampuni ya sabuni, kurudi kuwa mwanafunzi wa kulala sakafuni ukipumua na kutoa sauti za mnyama kunahitaji unyenyekevu ambao wengi hatuna. Kuondoka mapema, wakati simu bado haijalia, ni rahisi kidogo. Au pengine ni kugumu zaidi, kwa sababu huna hata ushahidi kwamba unaweza.

Yale hawamfundishi mtu kuwa nyota. Wanamfundisha sauti, pumzi, mwili, na wanamtia katika tamthilia ambazo asingezichagua. Katika miaka ile aliigiza Shakespeare, The Taming of the Shrew na The Winter's Tale, na akaigiza Chekhov. Hakuna kamera hapo. Ni kurudi jukwaani, safari hii kwa utaratibu. Kwa sisi wa vikundi vya vitabu vya kutahiniwa, jukwaa lilikuwa la kufikisha maneno kwa mwanafunzi ayajibu kwenye karatasi. Hatukuwahi kukaa mwezi mzima tukiuliza mhusika anapumulia wapi. Hatukuwa na mwezi wa kukaa.

Kabla hata hajahitimu akapata uhusika wa Patsey, msichana aliye utumwani, ndio uliokuja kumpa Oscar, katika filamu ya 12 Years a Slave ya Steve McQueen, baada ya mwongozaji huyo kutafuta miongoni mwa wasichana zaidi ya elfu moja. Kiangazi cha 2012 walirekodi Louisiana. Ukimlinganisha Patsey na Ayira utaona yale yale masikio, ile ile tabia ya kutozima baada ya sentensi, ila sasa mabega yametulia na maumivu yanatoka chini. Hiyo tofauti ndiyo aliyoifuata shuleni.

Shuga nayo ilirudi Nairobi kwa msimu wa pili mwaka 2012, kisha ikahamia Nigeria, ikawa kitu kikubwa huko. Phoenix waliondoka Professional Centre, na binti wa miaka 14 anayetaka kuwa Juliet leo hana mlango ule wa kuugonga. Babake Lupita aliendelea na siasa, akawa gavana wa Kisumu. Wengi wetu wa vile vikundi tulitafuta kazi nyingine. Mimi nikaishia kwenye uandishi, na sauti ya samaki nikaifungia.

Milango mipya ipo, tena yenye pesa kuliko yetu. Selina ilipoanza kuonyeshwa kwenye chaneli ya Maisha Magic East mwaka 2018, Celestine Gachuhi aliibeba tamthilia nzima mabegani akiwa mgeni kwa watazamaji, kipindi baada ya kipindi, wiki baada ya wiki. Mwaka 2022 Netflix ikaweka Country Queen, na Melissa Kiplagat mbele. Msichana anayeingia leo anaweza kurekodi katika mwezi mmoja zaidi ya Lupita alivyorekodi katika msimu wote wa Shuga. Anajifunza kwa wingi. Kasoro yake ni kwamba ratiba za kila siku hazimpi mtu nafasi ya kukosea vizuri: umesema sentensi, haijaharibika, twende inayofuata. Baada ya miaka mitatu una uzoefu wa miaka mitatu na mazoea ya miaka mitatu, na ya pili hayakutoki kirahisi.

Kwa hiyo sitamwambia binti yeyote afuate njia ya Lupita hatua kwa hatua. Ile inahitaji paa la baba ambalo halivuji. Kwa asiye na paa hilo ningesema achukue kazi ya kila siku, aweke akiba, aombe kukaa chumba cha uhariri hata kama ni kuwaletea chai, ajitazame akikatwa. Kenyatta University wana idara ya maigizo na filamu, Bagamoyo wana TaSUBa, taasisi ya sanaa, na hakuna sheria inayosema shule lazima itangulie runinga. Lupita mwenyewe alivichanganya.

Na mkataba ausome mpaka ukurasa wa mwisho, hasa pale penye malipo ya marudio. Kipindi kinachotolewa bure kwa kila stesheni kinaweza kuzunguka bara zima kwa miaka mingi, uso wako ukionekana Kampala na Lusaka na Lagos, na wewe umeshalipwa mara moja, siku ile ya kurekodi, na nauli ya kurudi nyumbani.